Ukitaka Kumwelewa Mgeni, Anza na Jirani

Kusini kidogo ya mji wa kale wa Malindi, kwenye ncha ya mwamba wa matumbawe iliyoingia baharini, kuna mnara mweupe uliochongoka, na juu yake msalaba wa jiwe wenye nembo ya Ureno. Jiwe la msalaba ni chokaa iliyoletwa melini kutoka Lisbon. Mnara wenyewe ulijengwa baadaye ili kuushikilia. Kila mtoto wa Malindi anaujua. Lakini ukiuliza ule msalaba ulisimamishwa kwa maana gani, utapewa majibu mawili yanayopingana, na ubishi huo unaonyesha vizuri namna wanahistoria wanavyosoma mahusiano ya miji yetu na nchi za mbali.

Wareno walikuwa wakibeba mawe ya namna hii na kuyasimika walikopita. Diogo Cão aliacha moja kwenye mdomo wa mto Kongo, na jingine Cape Cross, Namibia, mwaka 1486. Huko maana yake ilikuwa wazi: sisi tumefika kwanza, na mwenzetu wa Ulaya ajue. Ndiyo sababu wapo waliousoma mnara wa Malindi kama alama ya kwanza ya ukoloni, na hoja yao ina uzito. Hata hivyo, shajara ya safari ya Vasco da Gama, iliyoandikwa na mmoja wa watu wake, inaeleza kwamba Januari 1499, katika kurudi kutoka India, nahodha alimwomba mfalme wa Malindi pembe ya ndovu ampelekee mfalme wake, na ruhusa ya kusimika jiwe liwe dalili ya urafiki. Mfalme akatoa yote mawili. Jiwe lililoombewa ruhusa haliwezi kusomwa sawasawa na lile lililosimikwa ufukweni bila kuulizwa mtu.

Msimamo wangu ni huu: kwa Lisbon lile jiwe lilikuwa dai, na kwa mfalme wa Malindi lilikuwa neno analomwambia mtu mwingine kabisa. Mtu huyo alikuwa Mombasa. Ukisoma diplomasia ya pwani ukiwa umeanzia kwenye jahazi la mgeni, utaona wenyeji waliokaribisha na waliodanganywa. Ukianza na ugomvi wa jirani na jirani, utaona wafalme waliokuwa na hesabu zao, wengine wakipata na wengine wakipotea.

Tuchukue Aprili 1498, kwa kuwa siku zile chache zimeandikwa kwa undani usio wa kawaida. Da Gama alifika Mombasa tarehe 7, mambo yakaharibika, akaondoka tarehe 13. Kesho yake, karibu na Malindi, watu wake waliteka chombo kilichokuwa na watu 17, miongoni mwao mzee mmoja na mkewe. Kwa hiyo mgeni huyu alitia nanga mbele ya Malindi, jioni ya kuamkia Jumapili ya Pasaka, akiwa na mateka wa pwani hiihii melini. Hakuna aliyetoka mjini kumlaki. Ilibidi yule mzee aachwe kwenye fungu la mchanga mbele ya mji, mtumbwi ukaja kumchukua, akapeleka maneno kwa mfalme.

Kisha zawadi zikaanza kupishana. Da Gama alipeleka joho, shada mbili za marijani, mabeseni matatu ya kunawia, kofia, njuga na vitambaa viwili vya pamba vya mistari. Mfalme alijibu kwa kondoo sita na viungo tele: karafuu, bizari, tangawizi, kungumanga, pilipili manga. Mabeseni na njuga hizo ni bidhaa Wareno walizozoea kubadilishana kwenye pwani ya magharibi ya Afrika. Malindi ililetewa vitu vya namna hiyo, nayo ikajibu kwa bidhaa za soko la bahari nzima ya Hindi. Sidhani mtu mzima wa Malindi aliyeyaona mabeseni yale alishindwa kupima ukubwa wa soko alilotoka mgeni.

Walipokutana, walikutana majini. Mfalme alikuja katika chombo chake, amevaa joho la hariri lenye utepe wa kijani, ameketi juu ya viti viwili vya shaba vyenye mito, chini ya mwavuli wa duara wa hariri nyekundu, na kando yake mzee amebeba upanga mfupi wenye ala ya fedha. Palikuwa na wapiga tarumbeta, na pembe mbili za ndovu zilizonakshiwa, urefu kama wa mtu, zinazopulizwa kwenye tundu la ubavuni. Hapa msomaji wa Lamu ana faida kuliko msomi wa Lisbon. Zile ni siwa. Mwenye kuijua siwa ya Pate ya pembe na ile ya Lamu ya shaba anajua kwamba chombo hicho hakipulizwi kumburudisha mgeni. Ni mamlaka ya mji ikisema. Aliyeandika shajara aliona fahari na muziki. Sisi tunapaswa kuona mfalme akiwaonyesha watu wake waliojaa ufukweni kwamba shughuli hii ni ya dola.

Mfalme alimwalika da Gama nyumbani kwake apumzike. Da Gama akasema bwana wake hakumruhusu kushuka nchi kavu. Mfalme naye akauliza: akienda yeye kwenye meli, watu wake watasema nini? Basi wote wawili wakabaki juu ya maji. Da Gama aliwaachia mateka aliokuwa nao, na shajara inasema mfalme alifurahi kwa hilo kuliko kwa kitu kingine chochote.

Simulizi za zamani za Ulaya huishia hapo, kwenye urafiki. Shajara yenyewe haiishii hapo. Siku mbili zikapita hakuna mtu aliyekuja melini, na rubani aliyeahidiwa hajaonekana. Jumapili ya tarehe 22 mtumishi wa karibu wa mfalme alipopanda melini, da Gama alimzuia, akatuma neno kwamba anataka rubani. Rubani akaletwa, mtumishi akaachiwa. Tarehe 24 meli zikang'oa nanga. Ndani ya kurasa zilezile chache mna ukarimu na mna mateka. Atakayenukuu ukarimu peke yake atapata hadithi ya urafiki, na atakayenukuu mateka peke yake atapata hadithi ya uharamia. Wanahistoria wengi wamefanya moja au jingine, kila mmoja kwa mahitaji ya zama zake.

Hapo pia pana kosa la macho linalofaa kukumbukwa na kila anayesoma nyaraka za wageni. Shajara inasema bandarini palikuwa na meli nne za Wakristo wa India. Karibu wanahistoria wote leo wanakubali kwamba wale walikuwa Wahindu. Walionyeshwa picha ya Bi Mariamu wakainama, wakapaza sauti neno ambalo masikio ya Wareno yalilisikia kuwa jina la Kristo. Wareno walikuwa wamefunga safari kutafuta Wakristo wa Mashariki, na walipofika Malindi wakawaona. Shahidi wa macho si lazima aelewe anachokiona.

Rubani mwenyewe amezua mjadala mrefu. Kwa muda mwingi vitabu vya shule vimesema alikuwa Ahmad ibn Majid, bingwa wa elimu ya bahari kutoka Julfar, upande wa Ghuba. Ukifuata chanzo cha habari hiyo, unafika kwa Qutb al-Din al-Nahrawali, mwandishi wa Makka wa karne ya 16, aliyeandika miongo mingi baada ya tukio, akiwa anaeleza jinsi balaa la Wareno lilivyoingia bahari ya Waislamu. Anasema hata kwamba Ibn Majid alileweshwa. Mwaka 1922 Mfaransa Gabriel Ferrand aliiunganisha habari hiyo na maandishi ya Ibn Majid, na tangu hapo ikashika. Mwaka 1957 Mrusi Shumovsky alichapisha tungo za Ibn Majid zilizohifadhiwa Leningrad, mmoja wao una beti zinazotaja Wafaranji, yaani Wazungu, na wengi wakaona kesi imekwisha. Baadaye wataalamu wa tungo hizo walihoji kama beti zile ni za mtunzi mwenyewe au zimechomekwa na mkono wa baadaye.

Upande wa pili, shajara inamwita rubani Mkristo, yaani mmoja wa wale Wahindi, na waandishi wa Kireno João de Barros na Castanheda wanasema alikuwa mtu wa Gujarat, jina lake likiandikwa Malemo Cana au karibu na hivyo. Tibbetts, aliyezifanyia kazi kubwa maandiko ya Ibn Majid, aliikataa hadithi ya Nahrawali mwaka 1971. Nami nipo upande huo. Sababu ni nyepesi: walioandika mapema na waliokuwa karibu na tukio wanaelekeza Gujarat, na bandarini zilikuwapo meli za Wahindi. Aliyeandika mbali na kwa kuchelewa ndiye aliyetaja jina kubwa. Tukio kubwa huvuta jina kubwa. Hilo hutokea katika tarikhi za kila taifa.

Na upepo nao ni shahidi. Tarehe za shajara ni za kalenda ya kale ya Julius, ambayo wakati huo ilikuwa nyuma ya kalenda yetu kwa siku 9. Tarehe 24 Aprili ya Da Gama ni tarehe 3 Mei yetu: kusi linaanza kushika, bado halijawa kali la Juni na Julai linalofunga bandari za India. Meli zikavuka zisione nchi kwa siku 23, zikafika mbele ya Calicut tarehe 20 Mei. Katika kurudi Da Gama aliondoka pwani ya India mwanzoni mwa Oktoba, kaskazi halijatulia. Safari ileile ikachukua karibu miezi mitatu, watu 30 wakafa kwa ugonjwa wa fizi, na walipofika Malindi Januari 1499 kila meli ilikuwa na watu saba au wanane tu wenye nguvu ya kufanya kazi. Kitu cha kwanza walichotuma watu kutafuta mjini ni machungwa. Baada ya kuondoka Malindi ilibidi waichome meli moja kwa kukosa watu wa kuiendesha. Hivyo ukipima kwa siku na kwa maiti, mchango wa Malindi katika safari ile ulikuwa ujuzi wa msimu, kitu ambacho nahodha yeyote wa pwani alikuwa nacho. Ubishi wa jina la rubani umewafanya wengi wasilione hilo.

Mfalme alipata nini? Kwa muda alipata ulinzi. Agosti 1505 Mreno Francisco de Almeida aliichoma Mombasa. Baada ya moto, mfalme wa Mombasa alimwandikia mfalme wa Malindi barua ya kumweleza msiba, jinsi mgeni alivyoua bila kubagua mwanamume wala mwanamke. Barua hiyo imetufikia kupitia masimulizi ya Wareno wenyewe, kwa hiyo maneno yake yashikwe kwa tahadhari. Lakini tazama ilikopelekwa. Mfalme aliyeunguzwa anamwandikia rafiki wa waliomuunguza, kwa heshima, akimwita Sayyid Ali. Mawasiliano ya mahasimu hawa wawili hayakukatika hata siku ile. Wanaosema Malindi iliwauza wenzake kwa Wareno wanachukulia kwamba palikuwa na umoja wa pwani uliosalitiwa. Ninachokiona mimi ni miji iliyoshindana, kuoana na kuandikiana barua kwa wakati mmoja.

Mwishoni mwa karne ya 16 ushindi wa Malindi ukaimaliza Malindi. Wareno walipoikamata Mombasa walimweka sultani wa Malindi, Ahmad, atawale huko, na mwaka 1593 wakaanza kujenga Fort Jesus. Nasaba ikahama, biashara ikahama, mji ukadhoofika. Mwaka 1614 mwana wa Ahmad, Hasan, aliuawa baada ya kukosana na nahodha wa ngome. Mjukuu, Yusuf, alipelekwa Goa akiwa mtoto, akalelewa na watawa, akabatizwa Dom Jerónimo Chingulia, akarudishwa Mombasa kuwa mfalme. Agosti 1631 aliingia ngomeni, akamuua nahodha, akarudi kwenye Uislamu.

Habari za uasi huo tunazijua zaidi kupitia ushahidi uliokusanywa na kanisa Goa ili kuthibitisha kwamba waliouawa walikuwa mashahidi wa dini. Ndiyo maana karatasi zimejaa maswali ya imani: nani alitakiwa kusilimu, nani alikataa. Ushuru wa forodha, kifo cha Hasan, dharau za manahodha, yote hayo yanajitokeza pembeni tu, shahidi anapoteleza. Ukiisoma bila kukumbuka swali lililoulizwa, utaamini vita ile ilikuwa ya dini na basi.

Mbinu hiyohiyo itumike kwa jiwe lililo juu ya lango la Fort Jesus. Maandishi yake yanamsifu Francisco de Seixas de Cabreira, aliyefanywa nahodha mwaka 1635 akiwa na umri wa miaka 27: ameitiisha pwani ya Malindi, ameziadhibu Pate na Siyu hadi kuta zake zikabomolewa, amewalipisha kodi waliokataa. Mwisho yanataja vyeo alivyopewa kwa kazi hiyo. Hiyo ni hati ya mtu anayejijengea cheo. Ila majisifu nayo yana habari: miji yote anayojitapa kuiadhibu ni miji iliyokuwa imekataa kulipa. Orodha ya ushindi wake ni orodha ya wapinzani.

Sasa twende China, maana huko ndiko mjadala wa siku hizi ulipohamia. Kumbukumbu za kasri la Ming, nasaba iliyotawala China wakati huo, zinasema mwaka 1415 Malindi ilimpelekea mfalme Yongle twiga. Mwaka mmoja kabla, twiga mwingine alikuwa ameletwa na Bengal, ambako twiga hawapatikani, na hilo peke yake linatuambia wanyama hawa walikuwa tayari wakipita mikononi mwa wafanyabiashara. Kwa makarani wa Beijing kila zawadi kutoka nje iliandikwa kama kodi ya utii. Hawakuwa na fungu jingine la kuiweka. Upande wa Malindi hatuna hata mstari mmoja. Kwa hiyo anayesema Malindi ilijisalimisha kwa China, na anayesema Malindi ilianzisha urafiki wa mataifa mawili sawa, wote wanajaza ukurasa mtupu.

Juu ya safari zenyewe za Zheng He, amiri wa meli za Ming, kati ya 1405 na 1433, ubishi ni mkali. Serikali ya China huzitaja kama safari za amani, na mwaka 2005 ilisherehekea miaka 600 tangu ya kwanza. Mwanahistoria Geoff Wade amejibu kwamba zile zilikuwa meli zilizojaa askari, akitaja Palembang mwaka 1407 na mfalme wa Sri Lanka aliyetekwa mwaka 1411. Kwa pwani yetu hakuna ushahidi wa vita. Wala hiyo haitoshi kusema nia ilikuwa njema. Mji wenye mkondo wa mawasiliano na Hormuz na Aden ulikuwa na njia ya kusikia yaliyotokea kwingine kabla haujaamua kupeleka twiga.

Sarafu za Yongle zimepatikana Mambrui, kaskazini ya Malindi, mwaka 2010, na kisiwani Manda mwaka 2013. Magazeti yaliandika kana kwamba Zheng He mwenyewe amezidondosha. Sarafu inathibitisha jambo moja bila shaka: tabaka la udongo ilimolala haliwezi kuwa la kabla ya kupigwa kwake. Haisemi nani aliileta, wala ilizunguka miaka mingapi mifukoni kabla ya kupotea. Kauri za China zilikuwa zikifika kwetu karne nyingi kabla ya Ming, kwa mikono ya watu wa Ghuba na India. Gede, kilomita kama 16 kusini ya Malindi, ilijaa kauri hizo, na Wareno waliokaa jirani hawakuitaja hata mara moja. Mji mzima wa mawe ulikuwapo na kumbukumbu zao zikanyamaza. Anayejenga historia kwa nyaraka peke yake afike Gede.

Simulizi ya Siyu na Shanga, ya Wachina waliookoka na ajali ya meli wakaoa kisiwani Pate, naiheshimu kama simulizi. Tatizo lake ni tarehe. Uchimbaji wa mwanaakiolojia Mark Horton unaonyesha Shanga ilihamwa mwanzoni mwa karne ya 15, karibu na wakati uleule ambapo wageni hao wanatakiwa wawe ndio kwanza wanafika. Nina shaka simulizi hii ingepata nguvu iliyo nayo leo bila bandari mpya ya Lamu na gati lake la kwanza lililofunguliwa Mei 2021, kazi ya kampuni ya China.

Lamu ina ushahidi wake wa ndani, nao una shida zake. Habari za Pate, zilizoandikwa kwa mdomo wa Bwana Kitini, zinaanza na Nabhani, ukoo wa watawala wa Pate, kufika mwaka 600 wa Hijra. Kwanza ugeuze mwaka vizuri. Usiongeze 622 tu, kwa sababu mwaka wa mwezi ni mfupi kwa siku kama 11. Zidisha kwa 0.97, kisha ongeza 622: unapata 1204, si 1222. Hatua hiyo ndogo ikirukwa, matukio mawili ya mwaka mmoja hutengana kwa miaka kumi na nane. Pili, nasaba iliyosimuliwa na mtu wa ukoo wa kifalme, wakati ukoo huo umeshapoteza mji wake, ina sababu ya kurefuka. Mwanaakiolojia Chittick aliitilia shaka tarikhi hiyo mwaka 1969, akaziona karne zake za mwanzo hazipatani na ardhi ilivyochimbwa. Alikuwa na haki kuhusu tarehe. Kwa jinsi Pate inavyosimulia ugomvi wake na Lamu, Siyu na Faza, tarikhi hiyo ina thamani ambayo hakuna barua ya Mreno inayoweza kuifikia.

Vita vya Shela ni mfano wake. Kwa hesabu za wengi vilipiganwa kati ya 1812 na 1813; Pate na Mazrui, watawala wa Mombasa, walishuka Shela, kisiwani Lamu, wakashindwa, na kwa masimulizi ya Lamu maji yalikuwa yamekupwa, vyombo vimekaa mchangani. Lamu iliyoshinda ndiyo iliyotuma watu Muscat kumwomba Sayyid Said, mtawala wa Oman, ulinzi. Mshindi anaomba mlinzi! Historia inayoanzia Muscat huiita hatua hiyo upanuzi wa Oman. Inayoanzia Lamu inaona mji wenye mikao miwili, yaani pande mbili za wenyeji, inayovutana, Zena na Suudi, unaojua kwamba Mombasa itarudi. Ngome iliyokamilika miaka ya 1820 ililinda mji na ikauweka chini ya liwali, vyote kwa pamoja.

Witu, bara karibu na Lamu, ikaja kurudia jambo hilo kwa haraka zaidi. Ahmed Simba, Nabhani aliyefukuzwa Pate, alitaka nguvu ya kumzuia sultani wa Zanzibar, akawapata Wajerumani wawili, ndugu Denhardt, na Mei 1885 Ujerumani ikatangaza ulinzi. Kwa miaka michache Lamu ikawa hata na posta ya Wajerumani. Tarehe 1 Julai 1890 Ujerumani na Uingereza zilitia saini mkataba uliohusu kisiwa cha Heligoland, Zanzibar na mipaka ya nusu ya bara, na Witu ikakabidhiwa Waingereza pasipo mtu wa Witu kuwepo mezani. Septemba Wajerumani kadhaa wakauawa Witu; Oktoba manowari za Waingereza zikashusha askari wakauchoma mji. Kuna wanaosoma kisa hiki kama ujinga wa Simba kuamini karatasi. Mimi sikubali. Alimpima Mjerumani kwa kipimo kilichokuwa kimefanya kazi pwani hii kwa miaka 400, cha mgeni wa mbali anayemhitaji mwenyeji kwa upepo, maji, chakula na rubani. Meli za mwaka 1890 zilikuwa za mvuke na hazikuhitaji hata kimoja kati ya hivyo kutoka Witu.